Mashaka ya Wanawake wa Unguja katika Karne ya Karafuu

Watazamaji wa sinema waliokuwa wakijazana Majestic pale Vuga, na kabla yake Royal, waliizoea sana Marekani ya magharibi: farasi na bastola, mlevi anayetupwa nje ya baa, na pembezoni mwa ghasia zote hizo mwanamke aliyesimama mlangoni mwa kibanda cha magogo akimngoja mumewe. Picha hizo hazikuwa uongo mtupu, kwani wanawake waliofuatana na magari ya kukokotwa na maksai kwenda Oregon na California katika miaka ya 1840 na iliyofuata walizaa njiani, wakawazika watoto wao kando ya njia, na siku ya pili wakaendelea na safari. Walakini mtazamaji wa Unguja aliyetoka ukumbini usiku akapita Mkunazini kurejea kwake Ng'ambo, alikuwa akikanyaga ardhi yenye kisa kizito kuliko hicho. Kwa kuwa katika miaka ile ile kisiwa hiki nacho kilikuwa kikiishi kwa nchi mpya mbili, moja ikiwa bara kule misafara ilikokwenda kutafuta pembe na watu, na ya pili ikiwa hapa hapa, katika misitu ya magharibi ya kisiwa iliyokuwa ikifyekwa ili ipandwe mikarafuu.

Tarikhi ya zama hizo, kama ilivyozoeleka kusimuliwa, ni tarikhi ya wanaume. Seyyid Said bin Sultan alihamishia enzi yake Unguja katika miaka ya 1830, akahimiza mikarafuu ipandwe Mtoni, Kizimbani na kwingineko. Hamed bin Muhammed el Murjebi, ambaye wengi humjua kwa jina la Tippu Tip, alikwenda bara akarudi na pembe, na uzeeni akayaandika maisha yake mwenyewe kwa Kiswahili. Mwanamke wa msafara, aliyetembea na mzigo kichwani na mtoto mgongoni, hakuandika. Twamwona pale tu alipopita mbele ya padri, msafiri au hakimu, ambaye naye alikuwa na haja zake katika kumwandika, na kwa sababu hiyo hatuna budi kuyasoma maneno yake kwa tahadhari.

Mfano wa hayo ni Swema, binti wa Kiyao, ambaye kisa chake kilichapwa Paris mwaka 1870 na wafadhili wa misheni ya Kikatoliki iliyofunguliwa mjini Unguja mwaka 1860. Mama yake, mjane aliyezidiwa na dhiki, alikuwa na deni la mtama asiloweza kulilipa, na mwenye deni akamchukua mtoto na kumuuza kwa wafanyabiashara wa msafara. Mama hakukubali kutengwa na mwanawe. Akaomba afuatane nao kwa hiari yake, akajitolea kuchukua pembe ya ndovu ili apate kula na kuwa karibu naye. Njiani nguvu zikamwishia, mzigo ukamshinda, chakula akanyimwa, na hatimaye akaachwa nyuma afe, huku mtoto akisukumwa mbele kuelekea pwani. Alipovushwa kwa jahazi hadi Unguja, Swema alikuwa amekwisha kabisa kwa ugonjwa, na wenye mali, kwa kumwona hana thamani tena, wakamfukia makaburini katika shimo la kina kifupi, ingali pumzi imo. Mpita njia alisikia mguno, akamfukua, akampeleka kwa masista wa misheni hiyo.

Mapadri waliokiandika kisa hiki walikuwa wakitafuta sadaka Ulaya, na mkono wao waonekana, hasa mwishoni, pale Swema anapomuuguza na kumsamehe yule yule aliyemtesa mama yake. Sehemu hiyo ni mawaidha. Lakini deni la mtama silioni kuwa la kubuniwa, wala ile hesabu ya mama aliyepima uzito wa pembe kwa mapenzi ya mwanawe. Hayo ni mambo ambayo padri wa Kifaransa aketiye Shangani asingeyajua ila kwa kuambiwa na mtu yaliyomfika.

Halima naye twamjua kwa kuwa alikuwa mpishi wa Dakta Livingstone. Alikuwa mke wa Amoda, mmoja wa watumishi wa msafara wake Livingstone, na mwaka 1872 Livingstone aliandika katika kumbukumbu zake kwamba mwanamke huyo alikuwa mwema na hodari, na kwamba wakifika Unguja atampa uhuru wake na kumnunulia nyumba na bustani. Livingstone akafariki kijijini kwa Chitambo mwaka 1873. Maiti yake ikakaushwa na kubebwa kwa miguu zaidi ya maili 1,000 mpaka Bagamoyo, Halima akiwamo katika msafara pamoja na Ntaoeka, mke wa Chuma. Ulimwengu ukastaajabia uaminifu huo, na ilikuwa haki ustaajabiwe: Jacob Wainwright akafuatana na jeneza hadi Uingereza, Susi na Chuma nao wakaalikwa huko mwaka huo huo wa 1874. Wanawake hawakualikwa. Nyumba ya Kinazini ambayo Livingstone aliishi kwa muda tu mwaka 1866 ingali ikiitwa kwa jina lake hadi leo. Nyumba na bustani ya Halima haikutajwa tena popote.

Wale waliofika Unguja na kuuzwa katika soko la Mkunazini hawakuishia wote mashambani. Wengi walibaki mjini, na kazi yao ndiyo tunayoikanyaga. Atembeaye Malindi au Shangani huinua macho kutazama milango yenye nakshi, ambayo ni kazi ya mafundi wa kiume na yastahili kutazamwa, lakini ni nadra kuuliza dari ilitengenezwaje. Boriti za mikoko zilizoletwa kwa majahazi kutoka Rufiji ndizo zilizopima upana wa chumba. Juu yake yakapangwa mawe, na juu ya mawe ikamwagwa chokaa iliyochanganywa na mchanga na udongo mwekundu, ambayo wajakazi walikwea nayo ngazi kwa ngazi, vikapu vichwani, majimaji ya chokaa yakiwachirizikia shingoni na kuwala ngozi. Kisha safu ya wanawake ikachuchumaa, kila mmoja na kijiti chake, wakapiga wote kwa pigo moja, mmoja akianza wimbo na wengine wakimwitikia, wakisogea shibiri kwa shibiri huku maji yakinyunyizwa, leo, kesho na keshokutwa, mpaka sakafu ikaze na kutoa mlio wa jiwe. Mgeni aliyesikia nyimbo hizo akiwa chini barabarani angeweza kudhani pana harusi. Jioni ujira ulilipwa, na sehemu yake kubwa ikaenda kwa bwana aliyemkodisha mtumwa wake kwa kibarua cha siku.

Shambani hesabu ilikuwa nyingine. Kwa desturi ya Unguja mtumwa alimfanyia kazi bwana wake siku tano, na Alhamisi na Ijumaa akawa na nafasi ya kulima muhogo wake wa kujilisha. Desturi njema ukiisikia, ila wakati wa mavuno haikuwa na nguvu, maana karafuu haingoji, na ikichelewa kuchumwa hufunguka ikawa haina bei. Wachumaji waliposhuka mitini ndipo kazi ya pili ilipoanza, ya kuchambua, yaani kutenga karafuu na makonyo, wanawake na watoto wakikaa duara usiku mpaka vidole vikawa vyeusi na macho mekundu. Majamvi ya kuanikia yalisukwa na wanawake. Mvua ikinyesha mchana, wao ndio waliokimbia kuanua. Tufani ya Aprili 1872 ilipoing'oa sehemu kubwa ya mikarafuu ya Unguja na kuiacha Pemba karibu salama, msitu ukapandwa upya kwa mikono ile ile, na mwaka uliofuata, chini ya mkataba wa Seyyid Barghash na Waingereza, soko la Mkunazini likafungwa. Juu ya kiwanja chake likajengwa kanisa.

Marekani yenyewe haikuwa mbali na mambo haya. Seyyid Said alifunga na Wamarekani mkataba wa biashara mwaka 1833, na mwaka 1837 akafika konseli wao wa kwanza, Richard Waters wa Salem. Meli za Salem zilileta merikani, kitambaa cha pamba kisichopaushwa ambacho kilipenya hadi vijiji vya Unyamwezi, na zikarudi na sandarusi, karafuu na pembe; pembe ikakatwa vipande Connecticut kufanywa vibonye vya piano, baadhi yake bila shaka vikaishia katika sebule za walowezi wa magharibi ambao picha za sinema hutuonyesha. Mjakazi wa Unguja alijitanda merikani, au kaniki nyeusi, iliyokuwa alama ya unyonge wake.

Tusidhani kwamba aliyezaliwa huru alisalimika. Wahadimu, wenyeji wa kisiwa, waliokuwa chini ya Mwinyi Mkuu wa Dunga, waliona ardhi nzuri ya magharibi ikigeuka mashamba ya wakubwa, nao wakabaki mashariki na kusini, kwenye uwanda wa mawe ambako jembe hugonga mwamba kabla halijazama. Katika vijiji kama Chwaka, Bwejuu na Jambiani mwanamke alipata fedha yake kwa makumbi ya nazi. Huyachukua hadi pwani maji yakitoka, huyafukia katika matope ndani ya ua wa mawe ambao kila mwenye nao anaujua, huyaacha miezi kadhaa yaoze, kisha siku za bamvua huyafukua, akaketi majini hadi kiunoni akiyaponda kwa rungu mpaka nyuzi za usumba zitoke, na harufu yake humganda mwilini siku nzima. Nyumbani huzisokota kwa viganja ziwe kamba. Hakuna dikrii iliyopata kumkomboa mwanamke huyu, kwa kuwa hakuna aliyemhesabu kuwa mtumwa.

Yuko mwanamke mmoja wa zama hizo aliyeandika, naye ni Seyyida Salme binti Said, aliyezaliwa Mtoni mwaka 1844 na suria wa Kicherkesi aitwaye Jilfidan. Alijifunza kuandika kwa siri kwa kunakili herufi juu ya mfupa wa bega la ngamia, kwani watoto wa kike walifundishwa kusoma tu. Akakimbia Unguja mwaka 1866 kwa manowari ya Kiingereza, akaolewa na Mjerumani, akafiwa naye mwaka 1870, na mwaka 1886 akatoa kitabu cha maisha yake huko Ujerumani. Ni kitabu cha thamani isiyo kifani, nami nakipenda. Hata hivyo msomaji asisahau kwamba mwandishi wake alitumikiwa na watumwa na akaitetea desturi hiyo mbele ya Wazungu. Taabu zake mwenyewe zilikuwa za kweli, lakini za mjakazi aliyempepea usingizini hazimo.

Ukombozi ulipokuja, wanawake wengi uliwapita kando. Dikrii ya Aprili 1897, ya Seyyid Hamoud bin Mohammed, iliamuru kuwa mahakama zisiutambue tena utumwa, na mtumwa atakaye uhuru aende mahakamani akauombe, na aonyeshe ana maskani na njia ya kujipatia riziki. Masuria walitengwa. Walihesabiwa kuwa ni wa nyumbani kama wake, na hawakuruhusiwa kuondoka ila kwa kuthibitisha kwamba wametendewa ukatili. Serikali ya Kiingereza, iliyokuwa imejisifia sana kwa kuvunja utumwa, ilichelea kuwaudhi mabwana ndani ya majumba yao, ikasubiri hadi mwaka 1909 ndipo ikatoa sheria nyingine iliyowahusu na masuria. Ni haki kusema kwamba hali ya suria haikuwa moja kwa kila nyumba. Kwa madhehebu ya Shafii aliyemzalia bwana wake hakuweza kuuzwa tena na alikuwa huru bwana akifa, na watoto wake walikuwa waungwana wa ukoo wa baba, wengine wakatawala. Lakini ni sheria hiyo hiyo iliyomfunga, kwani aliyetaka kutoka alitoka peke yake, na watoto wakabaki kwa wenyewe.

Waliotoka walivuka maji ya Pwani Ndogo wakajenga Ng'ambo, nyumba za miti na udongo zilizoezekwa makuti. Wengine waliuza vitumbua, wengine waliendelea kupiga sakafu, safari hii ujira wote ukiwa wao. Kaniki ikatupwa, wakavaa kanga. Waliokuwa hawana mama wala shangazi walifanyiana udugu kwa usomo na kwa ngoma za unyago walizokuja nazo kutoka bara. Wengi walimiliki nyumba zao, ila kiwanja kilikuwa cha tajiri au cha wakfu, na mwaka 1928, kodi ya ardhi ilipowachosha, wakazi wa Ng'ambo wakagoma kuilipa, wanawake wakiwa mstari wa mbele.

Mwaka huo huo Siti binti Saad, aliyezaliwa Fumba katika ukoo uliotoka utumwani na aliyeanza kwa kuchukua vyungu kichwani kuja kuviuza mjini, alipelekwa Bombay kurekodi sahani za santuri. Miongoni mwa nyimbo zake zilizopendwa mno umo ule wa Kijiti, mtu aliyemuua mwanamke mja mzito, mgeni kutoka Dar es Salaam, kisha akatorokea bara; na kama wimbo usimuliavyo, kesi ilipofika mbele ya hakimu, waliotiwa hatiani ni mashahidi wawili wanawake, kwa sababu ya pombe.