India: adabu ya nyumba, simu na mkono wa serikali

Katika familia nyingi za India, kijana akioa analeta mke wake mu nyumba ya wazazi. Wadogo wa mume wanamwita bhabhi. Kwa Kiswahili ni shemeji, lakini heshima yake inakaribia ya mama. Bila kujua hilo, huwezi kuelewa kelele ya mwaka 2009. Kulikuwa katuni ya ngono kwenye intaneti, jina lake Savita Bhabhi, ikionyesha mke wa mtu akilala na wanaume wengine. Mwezi wa 6 serikali ikaifunga. Picha za uchi zilikuwa tele kwenye intaneti wakati ule. Ila huyu alikuwa shemeji wa nyumbani, na hapo njo iliuma.

Mwisho wa 2012 msichana mwanafunzi alibakwa mu basi Delhi, akafa. Inchi nzima ilitikisika. Mwaka uliofuata, mwanasheria Kamlesh Vaswani aliomba Mahakama ya Juu izuie picha zote za ngono, akisema zinachochea ubakaji. Mwaka 2015 serikali iliamuru tovuti 857 zifungwe. Watu walilalamika sana: mtu mzima akiwa mu chumba chake, serikali inatafuta nini pale? Kwa siku chache tu amri ikalegezwa. Mwaka 2018 mahakama ya jimbo la Uttarakhand ikaamuru irudi. Kuchunguza vizuri, tovuti 30 hazikuwa hata na picha hizo! Zikafungwa 827.

Lakini sheria za namna hii hazibaki kwenye picha za uchi. Mwezi wa 11 mwaka 2012, wasichana wawili karibu na Mumbai walikamatwa kwa sababu mmoja aliandika kwenye Facebook kulaumu mji kufungwa kwa ajili ya kifo cha mwanasiasa. Mwenzake alibonyeza tu kwamba amependa. Kifungu kilichotumika, 66A, kilikuwa na kifungo cha hadi miaka 3 kwa ujumbe wa kuudhi. Kuudhi nani, hakikusema. Shreya Singhal alikipeleka mahakamani, na mwezi wa 3 mwaka 2015 kikafutwa.

Vijijini kizuizi kinapita kwa wazee, na kinaangukia wasichana. Mwaka 2016, kijiji cha Suraj jimboni Gujarat kilikataza wasichana wasioolewa kuwa na simu, faini rupia 2.100. Ndugu akitaka kuongea na binti, mzazi njo alikuwa anampa simu yake.