Wanajeshi na Wacha Mungu Chini ya Mlima Kenya

Mwanajeshi anayeweka silaha chini na kujitenga na dunia kwa ajili ya ibada huhesabiwa kuwa mtawa, yaani mtu aliyefungwa na nadhiri ya kuacha mali na fahari, kama Charles de Foucauld, afisa Mfaransa aliyeishia katika jangwa la Sahara. Mji wa Nyeri, chini ya Mlima Kenya, ulipata wanajeshi wazee waliotafuta utulivu, lakini nadhiri hawakuwa nayo. Robert Baden-Powell, jenerali Mwingereza aliyeulinda mji wa Mafeking kwa siku 217 katika Vita vya Makaburu na baadaye akaanzisha uskauti, alihamia humo mwaka 1938, akakaa katika nyumba ndogo ya Paxtu kwenye uwanja wa Hoteli ya Outspan, akichora wanyama na kuandika vitabu hadi alipofariki tarehe 8 Januari 1941. Kaburi lake, katika makaburi ya Kanisa la Mtakatifu Petro, lina alama ya duara lenye nukta katikati, ambayo kwa maskauti humaanisha kwamba mwenye njia amekwenda nyumbani. Paxtu ilikaliwa baadaye na Kanali Jim Corbett, mwindaji mashuhuri wa India, naye akazikwa katika makaburi hayo hayo ya Mtakatifu Petro mwaka 1955. Huo ulikuwa ustaafu wa heshima, uliowezekana kwa sababu serikali ya kikoloni ilikuwa imewatengea walowezi sehemu kubwa ya ardhi bora ya nyanda za juu.

Walioikataa dunia kweli walikuwa Wakikuyu wa kundi la Watu wa Mungu, ambao leo hujulikana zaidi kama Akurinu, lililochipuka katika miaka ya 1920. Walivaa vilemba, wakakataa dawa za hospitali, na wakasali wakiwa wameinua mikono kuelekea Kirinyaga, yaani Mlima Kenya, ambao kwa imani ya jadi ya Wakikuyu ni makao ya Ngai, yaani Mwenyezi Mungu. Kiongozi wao mmoja, Joseph Ng'ang'a, alijitenga muda mrefu akisali na kusoma Biblia kabla ya kuanza kuhubiri. Kwa kuwa baadhi yao walibeba pinde na mishale, serikali iliwaona kuwa wapiganaji, na mwezi Februari 1934 polisi waliwaua watatu, Ng'ang'a akiwemo, katika msitu wa Ndarugu. Ni kinaya kikubwa kwamba jenerali alipewa amani ya mtawa, ilhali waliojitenga kwa ajili ya sala walipigwa risasi kama askari wa adui. Atakayeandika historia ya upweke wa kidini chini ya mlima huu hana budi kuanzia Ndarugu, wala si Outspan.