Maciste, mbeba mizigo wa Genoa, na mpaka wetu

Wasee, juzi nimetazama filamu ya 1914, haina sauti hata kidogo, nikiwa hapa Kutulo na bando inakaribia kuisha. Wallahi sikulala.

Inaitwa Cabiria. Ni ya Giovanni Pastrone, ilitengenezwa Turin, Italia. Kisa chote ni bahati na majaliwa: mlima Etna unalipuka, mtoto wa tajiri anaponea, anatekwa na maharamia, anauzwa Carthage, Afrika Kaskazini, na makuhani wanataka kumtupa motoni kwa mungu wao Moloch. Mmoja wa wanaomwokoa ni Maciste, mtumwa mweusi mwenye kifua kama pikapu ya miraa.

Sasa shikeni hapa. Huyo Maciste si mweusi. Ni Bartolomeo Pagano, jamaa aliyekuwa anabeba mizigo bandarini Genoa. Alikuwa na mwili, akapakwa rangi, akaingia kwa historia. Watu walimpenda hadi 1915 akapewa filamu yake mwenyewe, na humo rangi imefutwa: Maciste ni Mwitaliano mweupe. 1916 ashakuwa mwanajeshi anawatandika Waaustria milimani. Pagano alibahatika kweli, simnyimi. Lakini mweusi mwenye hadithi hakuitwa hata kupiga picha.

Mnadhani ni mambo ya mbali? 1915 hiyo hiyo, Uingereza na wenzake walitia sahihi mkataba wa siri pale London: Italia ikiingia vitani upande wao, itapewa fidia. Sehemu ya malipo ilikuja 1925. Jubaland, na Kismayu ndani yake, ikakatwa kutoka koloni ya Kenya ikakabidhiwa Waitaliano. Mpaka ukapita El Wak, hapo mbele ukitoka kwetu kuelekea Mandera. Watu wa visima vilevile, huyu chini ya Roma, binamu yake chini ya London. Nani aliulizwa? Desemba 1940 wanajeshi kutoka Gold Coast, Ghana ya leo, na Afrika Kusini waliletwa hapo El Wak kupigana na Waitaliano.

Ayeyo yangu husema ni qadari. Mimi, heshima zote kwake, naona sahihi za watu. Nilipoenda kuomba kitambulisho niliulizwa babu alizaliwa upande gani wa mstari. Babu ni mkubwa kuliko huo mstari! Nikarudishwa nyumbani nilete mzee wa kunitambua.

Anyway, filamu iko mtandaoni bure. Ni zaidi ya saa mbili, tafuteni wifi ya mtu.