Mbale, Mji wa Chini ya Wanale

Anayetoka Jinja kwenda Mbale siku hizi hufika Iganga, kisha hushika barabara ya Tirinyi kuelekea kaskazini-mashariki. Nchi ni tambarare. Kuna mashamba ya mpunga, kuna kinamasi kirefu cha mto Mpologoma, kuna wachuuzi wanaokimbilia madirisha ya basi na mishikaki na maji ya chupa. Mbele kidogo ni Budaka, mji ambao abiria wengi huupita wakisinzia. Halafu, kama hakuna mawingu, ukuta wa mawe hujitokeza upande wa kulia, mrefu na wima, na minara ya mawasiliano juu yake. Huo ndio mgongo wa Wanale, na chini yake ndipo ulipo mji.

Nyuma ya Wanale kuna mlima wenyewe, Elgon kwenye ramani, Masaba kwa Wagisu. Ni volkano iliyozimika zamani mno, yenye umri mkubwa kuliko Kilimanjaro. Kitako chake kina upana wa kilomita zipatazo 80, na kilele chake cha Wagagai kinafika mita 4,321. Enzi za barafu ulikuwa na barafu yake, leo hauna. Wafaransa wa Chamonix, chini ya Mont Blanc, waligeuza theluji kuwa mtaji, hata Michezo ya Olimpiki ya kwanza ya majira ya baridi ikafanyika kwao mwaka 1924. Mbale haikupata bahati hiyo. Kutoka mlimani kwake hushuka kahawa, ndizi, maji, tope na watu, na karibu historia yake yote imo katika vitu hivyo vitano.

Lakini mwanzilishi wake hakushuka mlimani. Alitokea bondeni, tena kutoka mbali.

Kabla ya mwaka 1900 Wagisu waliishi juu ya migongo ya mlima, kila ukoo na mgongo wake, bila mfalme. Misafara ya Waswahili na Waarabu iliyopiga kambi Mumias, katika Kenya ya leo, ilizunguka Elgon ikitafuta pembe za ndovu, ikauza na kununua, ikaenda zake. Kisha akaja Semei Kakungulu. Mzaliwa wa Koki, mwindaji wa tembo, akawa jemadari wa Buganda katika vita vya dini, akashindana na Apolo Kagwa kuwania ukubwa wa Mengo, makao makuu ya Buganda, akashindwa. Aprili 1899 alikuwa miongoni mwa waliowakamata wafalme wawili, Kabalega wa Bunyoro na Mwanga wa Buganda, kule Lango. Baada ya hapo alivuka na wafuasi wake na bunduki zao kuingia Bukedi, nyanda za magharibi mwa mlima, kujitafutia nchi. Alijenga ngome baada ya ngome, na kubwa kati ya hizo ilikuwa Budaka. Aliamini kabisa kwamba Harry Johnston, mjumbe wa Uingereza, alikuwa amemwahidi ufalme.

Waingereza hawakuona hivyo. Mwaka 1902 walimwondoa Budaka na kumpoza kwa maili ishirini za mraba chini ya Wanale. Mtu mwingine angenuna. Kakungulu alianza kujenga. Watu wake walichimba barabara pana zilizonyooka, wakapanda migomba na miti, wakafungua soko. Wahindi, Waarabu na Waswahili wakaja na maduka yao. Haikupita miaka mingi serikali nayo ikahamishia ofisi yake hapo. Kwa hiyo ni serikali iliyoufuata mji, jambo ambalo katika Uganda ya wakati ule halikuwa la kawaida, na kwa maoni yangu Kakungulu hajawahi kulipwa sifa yake kamili kwa hilo. Deni lake kwa wenyeji nalo ni kubwa. Utawala aliouleta ulikuwa wa Kiganda, wenye ngazi za saza na gombolola na mawakala wa Kiganda, na Mgisu aliyeshuka kulipa kodi alijikuta akiamriwa kwa Luganda katika nchi yake.

Mwaka 1906 aliitwa Jinja kuwa mkuu wa baraza la Busoga. Jinja ilikuwa bandari changa ya ziwa, penye maporomoko ya Ripon aliyoyaona Speke Julai 1862 na kutangaza kwamba hapo ndipo Nile inapotoka. Kakungulu alikaa huko hadi 1913, akaona reli ya Busoga ikifunguliwa mwaka 1912 ili kubeba pamba hadi Namasagali. Aliporudi Mbale hakuwa tena mtu wa serikali. Alijiunga na Wamalaki, dhehebu lililokataa dawa za kizungu, na mwaka 1919 akaenda mbali zaidi: aliisoma Torati, akajitahiri yeye na wanawe, akajitangaza Myahudi. Ajabu ni kwamba aliishi katikati ya Wagisu, watu ambao kwao kutahiriwa ndiko kuwa mwanamume, lakini akashika kisu kwa sababu ya kitabu, akiwa na umri wa miaka hamsini hivi. Alifariki tarehe 24 Novemba 1928. Jumuiya yake, Abayudaya, ingali inasali katika kilima cha Nabugoye nje ya mji, baada ya kupita utawala wa Idi Amin ulioipiga marufuku.

Wakati jemadari akisoma Torati, mlima ulikuwa umeanza kuleta utajiri wa namna nyingine. Mbegu za kahawa ya arabika zilifika Bugisu mwaka 1912. Arabika hupenda baridi na urefu, na migongo ya Masaba ina vyote viwili, pamoja na udongo wa volkano ambao hauhitaji kubembelezwa. Kazi yake ni ya familia nzima. Kahawa mbivu huchumwa asubuhi, hukobolewa siku hiyo hiyo kwa mashine ya kuzungusha kwa mkono, huachwa ichachuke, huoshwa, kisha huanikwa mpaka ganda likauke na kulia likitikiswa. Baada ya hapo gunia hubebwa kichwani au huwekwa juu ya punda na kushushwa kwa njia ambazo mvua ikinyesha huwa utelezi mtupu. Mwishoni mwa miaka ya 1920 reli ya kutoka Tororo kwenda Soroti ilipita Mbale, na gunia likapata njia ya kwenda Mombasa.

Mwaka 1954 ndio unaoonyesha vizuri zaidi tofauti ya miji hii miwili ya mashariki. Jinja ilipata bwawa la Owen Falls, lililofunguliwa na Malkia Elizabeth mwezi wa Aprili. Umeme ukaleta viwanda, na viwanda vikaleta wafanyakazi kutoka kila kona. Mbale ilipata Chama Kikuu cha Ushirika cha Bugisu, ambacho watu hukiita BCU. Bwawa lilikuwa la serikali. Ushirika ulikuwa wa wakulima, nao waliulinda kwa wivu. Serikali iliingilia uongozi wake zaidi ya mara moja, na kila mara ilikuta watu wa mlimani wabishi kuliko ilivyotarajia.

Ubishi huo ulihamia kwenye mji wenyewe. Mbale ilikuwa makao ya Bugisu na ya Bukedi kwa pamoja, na uhuru ulipokaribia kila upande ulidai ni wake. Wagisu walisema ardhi ni ya Masaba. Watu wa Bukedi walisema wao pia waliujenga, na wote wawili walijua kwamba mji ulipangwa na Mganda, ukajazwa maduka na Wahindi. Suluhisho la katiba ya mwaka 1962 linachekesha ukilisoma leo: Uganda ilitajwa kuwa na tawala za majimbo, wilaya, na “eneo la Mbale”, mji mmoja uliosimama peke yake kama mtoto anayegombewa. Hatimaye Bukedi ilihamia Tororo na Wagisu wakabaki na mji.

Nadhani, hata hivyo, walikuwa wameushinda zamani kwa njia yao. Kila mwaka wa shufwa, mwezi wa Agosti, msimu wa imbalu, tohara ya Wagisu, hufunguliwa Mutoto, ukingoni mwa mji. Simulizi husema Masaba, babu wa Wagisu, alimpenda Nabarwa, binti wa Wakalenjin, naye akakataa kuolewa na mwanamume asiyetahiriwa. Vijana hupakwa unga na chachu ya pombe, huvaa njuga mapajani, huzunguka kwa jamaa wakicheza siku nyingi kabla ya kusimama wima mbele ya ngariba. Hawaruhusiwi kulegea, hata ukope. Ngoma ya kadodi ikiingia barabara ya Kumi, magari husimama, na mwenye duka, awe Mganda, Mteso au Mhindi, hutoka nje kutazama.

Waliokuwa watu wazima miaka ya 1960 huusifu mji ule kuwa msafi kuliko yote Uganda, wengine husema Afrika Mashariki nzima. Agosti 1972 Amin aliwapa Waasia siku tisini kuondoka. Maduka yakagawiwa kwa wale ambao Waganda waliwaita mafuta mingi, yaani matajiri wa ghafla, na rafu zikaisha bidhaa. Mwanzoni mwa 1973, katika nyumba za Maluku, askari waliwashambulia vijana wa kikundi cha Yoweri Museveni kilichompinga Amin. Martin Mwesiga na Wukwu Mpima wakauawa, Museveni akaponyoka.

Kisha Julai 1975 jalidi iliunguza mibuni ya Brazil na bei ya kahawa duniani ikapaa. Serikali ya Amin ililipa wakulima kwa shilingi zisizonunua kitu. Ng'ambo ya mlima, Kenya, kulikuwa na soko la Chepkube, na pesa zake zilikuwa pesa kweli. Usiku misafara ya punda na watu ilipanda Masaba na kushuka upande wa pili. Walirudi na sabuni, chumvi, nguo, redio. Magendo yale yalilisha mji ambao kwenye vitabu vya serikali ulikuwa umekufa, na wapo wazee waliosomesha watoto kwa fedha za Chepkube wasioona aibu yoyote. Sioni kwa nini waione.

Mwaka 1988 Chuo Kikuu cha Kiislamu kilifunguliwa mjini, matunda ya uamuzi uliofanywa na nchi za Kiislamu tangu 1974, na wanafunzi wa mataifa mengi wakajaza nyumba za kupanga. Mwaka 1993 sehemu ya juu ya mlima ikawa hifadhi ya taifa. Malewa, machipukizi ya mianzi yaliyokaushwa kwa moshi na kupikwa kwa karanga, ambayo bila hayo sherehe ya Kigisu si sherehe, yakawa kitu cha kuombewa ruhusa. Wakulima walioondolewa mpakani mwa hifadhi walibanana kwenye miteremko mikali. Machi 2010 mlima uliporomoka juu ya kijiji cha Nametsi, Bududa, ukafukia mamia.

Tarehe 1 Julai 2020 Mbale na Jinja zilitangazwa kuwa majiji. Miaka miwili baadaye, usiku wa kuamkia 31 Julai 2022, mvua ilinyesha Wanale na mito ya Nabuyonga na Namatala ikafurika ndani ya mji. Watu zaidi ya ishirini walikufa, baadhi yao wakiwa ndani ya gari. Mito hiyo haikubadili njia. Nyumba ndizo zilizoifuata hadi kingoni, moja baada ya nyingine, kwa vibali na bila vibali. Kakungulu alianza na barabara, na kwa wakati wake alifanya sawa. Jiji la sasa linapaswa kuanza na kingo za Nabuyonga.