Siti binti Saad na Safari ya Bombay

Mwaka 1928 Siti binti Saad alipanda meli Unguja pamoja na wapigaji wake, akaenda Bombay kutiwa sauti yake katika sahani za santuri. Wasimulizi wengi wa maisha yake huitaja safari hiyo kuwa kilele cha sifa zake, kisha hupita. Lakini mji alioufikia ulikuwa na habari yake, na habari hiyo yafaa isomwe pamoja na ya Siti.

Siti alizaliwa Fumba yapata mwaka 1880, miaka kumi na saba kabla ya amri ya kufuta utumwa Unguja. Wazazi wake walikuwa wa asili ya bara, na jina alilopewa utotoni lilikuwa Mtumwa. Alitembeza vyungu akivinadi kwa sauti, na sauti hiyo ndiyo iliyomtangulia kujulikana. Alihamia mjini mwaka 1911. Taarabu ya wakati ule ilikuwa burudani ya jumba la Sultani na ya waungwana. Sultani Barghash aliitwaa kutoka Misri, ikaimbwa kwa Kiarabu, na chama cha Ikhwani Safaa, kilichoanzishwa mwaka 1905, kilikuwa cha wanaume. Mwanamke wa shamba, tena wa nasaba ya utumwa, hakuwa na mlango wa kuingilia. Aliyemfungulia alikuwa Muhsin Ali, aliyemfundisha uimbaji. Baadaye alijiunga na akina Subeti Ambari, Buda Swedi, Mbaruku na Mwalimu Shaabani, na kundi hilo likaimba taarabu kwa Kiswahili.

Bombay nako mlango ulikuwa umefungwa. Dadasaheb Phalke alipotengeneza picha yake ya Raja Harishchandra, mwaka 1913, alikosa mwanamke wa kuigiza sehemu ya malkia, kwa kuwa kuonekana mbele ya watu kulihesabiwa kuwa fedheha. Malkia akawa mwanamume, Anna Salunke, ambaye alikuwa mpishi mkahawani! Mwaka huo huo, katika picha iliyofuata, Durgabai Kamat na binti yake Kamlabai walithubutu kuivumilia fedheha hiyo. Kisha akaja Fatma Begum, mwanamke aliyetoka katika michezo ya jukwaani ya Kiurdu. Aliingia katika sinema mwaka 1922, na mwaka 1926 akaanzisha kampuni yake na kuongoza mwenyewe picha ya Bulbul-e-Paristan. Ndiye mwanamke wa kwanza kuongoza picha ya sinema katika Bara Hindi, na binti zake watatu walimfuata katika kazi hiyo.

Basi katika mji ule, mwaka ule, palikuwa na vyombo viwili vya ajabu. Sinema ilikuwa bado bubu: ilichukua sura ya mwanamke ikaiacha sauti yake. Santuri ilichukua sauti ikaiacha sura. Kwa Siti jambo hili halikuwa dogo. Wenye husuda walikuwa wamemtungia wimbo wa kuikejeli asili yake na umbo lake, naye aliwajibu kwa wimbo ulioitanguliza akili mbele ya uzuri. Sahani ya kampuni ya His Master's Voice haikuwa na umbo wala nasaba ya kukejeliwa. Ilikuwa sauti tupu, na sauti ndiyo mali aliyokuwa nayo.

Sahani hizo ziliuzwa kwa makumi ya maelfu katika miaka michache, nazo zilisikilizwa mbali na jumba lolote la kifalme. Wala hazikuwa za mapenzi peke yake. Wimbo wa Kijiti wasimulia mauaji ya mwanamke mgeni aliyetoka Dar es Salaam. Muuaji akatorokea bara, na adhabu ikawaangukia mashahidi. Hukumu iliyotolewa mahakamani ikasomwa upya na wasikilizaji, kila sahani ilipozungushwa. Hapa pana tofauti kubwa na taarabu ya jumbani, ambayo haikuwa na desturi ya kumsuta hakimu.

Sura na sauti zilikutana Bombay tarehe 14 Machi 1931, ilipoonyeshwa Alam Ara ya Ardeshir Irani, picha ya kwanza ya Kihindi yenye maneno. Mwigizaji wake mkuu alikuwa Zubeida, binti wa Fatma Begum. Nyimbo zikawa tangu hapo uti wa mgongo wa sinema ya Kihindi, na katika miaka iliyofuata tuni zake zilivuka bahari zikaingia katika taarabu ya pwani.

Siti alifariki tarehe 8 Julai 1950. Shaaban Robert aliandika wasifu wake, ukatolewa mwaka 1958. Katika Alam Ara haikusalia nakala hata moja, na Bulbul-e-Paristan imepotea vilevile. Baadhi ya sahani zilizotiwa sauti Bombay mwaka 1928 zingali zipo, zina mikwaruzo, na mwanamke wa Fumba angali anasikika ndani yake.