Masurufu ya mke nchini Oman: mambo ya kujua kabla ya kufika mahakamani

Neno la Kiarabu "nafaqa" kwetu limezaa "nafaka", nasi tukabaki na mchele na mtama. Mahakamani Oman maana yake ni pana zaidi. Sheria ya ndoa na familia iliyotolewa kwa Amri ya Sultani namba 32/97 ya mwaka 1997 inahesabu ndani ya nafaqa chakula, mavazi, makazi, matibabu na kila ambacho maisha ya mtu husimama nacho kwa ada ya watu. Nimewakalimania jamaa kadhaa katika mashauri haya. Ninaloliona ni kuwa wengi haki wanayo, ila hawajui inavyolindwa.

Mke mwenye mshahara. Haki ya masurufu inatokana na ndoa sahihi, hata kama mke ana uwezo wake. Mume hawezi kujitetea kwa kusema, "Yeye anafanya kazi." Akikataa kutoa ilhali ni wajibu wake, kile anachozuia kinakuwa deni shingoni mwake, mpaka alipe au mke amsamehe.

Kiasi. Hakuna kiwango kimoja kwa wote. Kadhi hutazama uwezo wa mume, hali ya mke, na maisha yalivyo wakati huo na mahali hapo. Kwa hiyo, kumtajia kadhi riali alizopewa jirani hakusaidii. Kinachosaidia ni karatasi: stakabadhi za kodi ya nyumba, umeme, dawa na ununuzi wa kila mwezi. Hali zikibadilika, kiasi kinaweza kuongezwa au kupunguzwa, lakini kwa kawaida shauri hilo halisikilizwi kabla ya mwaka 1 kupita, isipokuwa kwa dharura.

Kuondoka nyumbani. Hapa ndipo dada zetu wengi huumia. Mke anayeihama nyumba ya ndoa bila udhuru wa kisheria anaweza kuhesabiwa nashiza, na masurufu yake yakasimama. Kama ana udhuru, kwa mfano anapigwa au hana usalama, autaje mapema na authibitishe: ripoti ya daktari, taarifa ya polisi, mashahidi. Asihatarishe nafsi yake kwa kuogopa kupoteza masurufu. Ila asiondoke kimya kimya.

Baada ya talaka. Mwanamke aliye katika eda ya talaka rejea ana masurufu yake. Aliyeachwa talaka isiyo na rejea naye anayo akiwa mjamzito. Matunzo ya watoto ni haki yao wenyewe, hayamo katika hesabu ya mama.

Njia yenyewe. Kabla ya kesi kuna kamati za suluhu, zilizowekwa kwa Amri ya Sultani namba 98/2005. Mapatano yaliyotiwa saini pale yana nguvu ya kutekelezwa kama hukumu. Kwa sababu hiyo, usitie saini karatasi ya Kiarabu usiyoielewa, hasa yenye maneno ya kusamehe yaliyopita. Omba usomewe mstari kwa mstari. Suluhu isipopatikana, shauri huenda Mahakama ya Mwanzo. Kama nyumbani hakuna kitu, mwombe kadhi masurufu ya muda wakati kesi inaendelea.

Waliofunga ndoa Unguja, Pemba au Mombasa watangulize jambo moja: cheti cha ndoa kifasiriwe kwa Kiarabu na kithibitishwe na mamlaka husika. Bila ushahidi wa ndoa, madai ya masurufu hayana pa kusimamia.

Nawausia kinababa pia: unapotoa, toa kwa benki au kwa maandishi. Nimemshuhudia mume aliyekuwa akitoa kila mwezi mkononi, na mbele ya kadhi hakuwa na hata karatasi moja ya kuonyesha. Maandishi humlinda anayedai na anayelipa, na watoto hupungukiwa na ugomvi.