Asili ya Neno na Haki ya Wasemaji: Kitenzi 'dig' katika Misimu ya Wamarekani Weusi

Kitenzi cha Kiingereza 'dig', yaani kuchimba, kilipata maana mpya katika misimu ya wanamuziki Weusi wa jazi nchini Marekani miaka ya 1930. Kamusi ndogo ya Cab Calloway, katika toleo lake la 1944, inataja maana tatu: kukutana, kutazama na kuelewa. Katika makala yake ya 1972, David Dalby alidai kuwa maana ya kuelewa ilitokana na 'dégg', kitenzi cha Kiwolofu cha Senegali na Gambia chenye maana ya kusikia au kufahamu.

Dai hili linavutia kwa sababu linawarejeshea watumwa lugha walizopokonywa. Hata hivyo, mfanano wa sauti na maana si ithibati. Maandishi yanayounganisha enzi ya utumwa na miaka ya 1930 hayajapatikana; tena, katika karne ya 19 wanafunzi wa Marekani walikwisha kulitumia 'dig' kwa maana ya kusoma kwa bidii. Kiswahili nacho husema kumchimba mtu, yaani kumdadisi. Njia itokayo kwenye udongo hadi kwenye maarifa haihitaji mkopo.

Je, kulitilia shaka dai la Dalby ni kuinyima Afrika haki yake? La hasha. Wazawa wa Afrika walikitwaa kitenzi cha waliowatawala wakakipa maana ambayo ulimwengu uliiga. Ubunifu huo ni urithi wao, hata kama mzizi wa neno ni wa Kiingereza.